Kushua, Kung'oa Nanga na Kupaa: Msamiati wa Kuondoka kwa Chombo Baharini na Angani

Mada iliyowasilishwa katika semina ya waandishi wa habari, wafasiri na walimu wa Kiswahili

Utangulizi



Tarehe 2 Aprili 2018 roketi ya Falcon 9 iliondoka Cape Canaveral, Marekani, ikiwa imebeba chombo cha mizigo kiitwacho Dragon. Ndani ya shehena hiyo mlikuwa na kijisanduku chenye pande za sentimita 10. Hicho kilikuwa 1KUNS-PF, satelaiti ndogo ya Chuo Kikuu cha Nairobi na ya kwanza kumilikiwa na Kenya. Ilifika katika Kituo cha Kimataifa cha Anga za Juu, ikakaa humo zaidi ya mwezi, na tarehe 11 Mei ikaachiliwa kutoka maabara ya Wajapani ya Kibo ianze kuizunguka dunia peke yake.

Sasa tujiulize: satelaiti hiyo "ilizinduliwa" lini? Atakayetaja Aprili atakuwa na hoja. Atakayetaja Mei naye atakuwa na hoja. Na kama paliandaliwa hafla ya kuwaonyesha wananchi kifaa hicho, atakayetaja siku ya hafla hatakosa la kujitetea. Kitenzi kimoja kimebebeshwa matukio matatu, na anayetaabika ni msomaji.

Mada hii ina hoja moja. Kiswahili kilikulia mahali ambapo kuondoka kwa chombo kulikuwa riziki ya watu, na kwa sababu hiyo kila hatua ya kuondoka ilipewa kitenzi chake. Vitenzi hivyo vinatosha kueleza safari za leo, za majini na za angani, endapo tutakitumia kila kimoja mahali pake.

Kushua: chombo kuingia majini

Tuanze na chombo ambacho bado hakijaonja maji. Matondoni katika kisiwa cha Lamu na Nungwi huko Unguja, mafundi huunda majahazi na mashua ufuoni, juu ya mstari wa maji kujaa. Mkuku ukishalazwa, mataruma yakasimamishwa na mbao zikapigiliwa, hufuata kazi ya kukalafati: nyuzi za pamba zilizopakwa mafuta hushindiliwa katika kila mwanya kati ya ubao na ubao. Chini ya mstari wa maji chombo hupakwa deheni, mchanganyiko wa shahamu na chokaa.

Hapo husubiriwa bamvua, kwa kuwa maji mafu hayafiki mahali chombo kilipo. Siku ikiwadia, magogo hutandikwa chini ya mkuku, kamba hufungwa, na watu wa kijiji huvuta kwa pamoja huku wakiimba ili nguvu zao ziangukie pumzi moja. Kitendo hicho cha kukiteremsha chombo mpaka kielee ndicho kushua.

Kitenzi hiki kinapatikana katika kamusi zetu, lakini magazetini hakionekani. Meli mpya inaposhushwa majini katika Ziwa Victoria au Ziwa Tanganyika, tunaandika kwamba "imezinduliwa". Kuzindua ni neno zuri lenye kazi yake. Asili yake ni kuamsha, kumtoa mtu usingizini au kukiondolea kitu kilichozindikwa uzito wa zindiko, na kutokana na maana hiyo likaja kumaanisha kufungua kitu rasmi ili kianze kutumika. Meli inaweza kushuliwa leo na kuzinduliwa miezi mingi baadaye, baada ya kufungwa injini, kukaguliwa na kufanyiwa majaribio. Tukitumia kitenzi kimoja kwa siku zote mbili, mwananchi anayesubiri usafiri atadhani meli iko tayari, aende bandarini na mzigo wake, akute mafundi.

Kung'oa nanga: chombo kuachiwa

Kushua ni tukio la kuingia majini. Kung'oa nanga ni tukio la kila safari, na ndilo kiini cha mada hii.

Tutazame linavyotendeka. Nanga ya kienyeji ina makucha manne yaliyouma mchanga au tope. Mabaharia huivuta amari, yaani kamba ya nanga, hatua kwa hatua, na chombo kinasogea kuelekea mahali nanga ilipo mpaka kinasimama juu yake na kamba inakuwa wima. Mvuto unaofuata ndio unaoyatoa makucha mchangani. Kuanzia nukta ile chombo hakishikwi na chochote: mkondo unakitaka na upepo unakitaka. Kwa hiyo kabla ya mvuto huo wa mwisho lazima mtu awe usukanini na jarari iwe mikononi mwa wenye kutweka tanga. Kung'oa nanga wakati tanga halijawa tayari ni kukikabidhi chombo kwa miamba.

Sheria ya bahari inaiona nukta hiyo hiyo. Kanuni za kimataifa za mwaka 1972 za kuzuia migongano ya meli zinahesabu kwamba chombo kiko safarini pale kinapokuwa hakikutia nanga, hakikufungwa gatini wala hakikukwama. Haziulizi kama kinakwenda. Meli iliyozima injini na kuelea tu katikati ya bahari iko safarini kisheria, na nahodha wake anabeba wajibu wote wa safari.

Maana ya msingi ndiyo hiyo: chombo kimeondoka pale kilichokuwa kikikishika kinapoachia. Injini kuunguruma, abiria kupanda na bendera kupepea ni maandalizi.

Wazee wa pwani walijua pia kwamba nukta hiyo haichaguliwi kwa matakwa ya mtu. Majahazi yaliyotoka Arabuni na Ghuba yalishuka na kaskazi, yakafika kwetu katika miezi ya mwisho na ya mwanzo wa mwaka, yakarudi na kusi lilipoanza. Aliyechelewa akakutwa na kusi kali la katikati ya mwaka alilazimika kusubiri. Neno la kipindi hicho ni msimu, na liko hai midomoni mwetu. Wataalamu wa anga nao wana misimu: nafasi nzuri ya kupeleka chombo sayari ya Mirihi hupatikana takriban kila baada ya miezi 26, kutokana na jinsi dunia na Mirihi zinavyolizunguka jua. Mfasiri akiandika "msimu wa kuondoka kwenda Mirihi", msomaji wa Lamu na wa Kigoma ataelewa bila maelezo ya ziada.

Nanga nchi kavu

Magazeti ya Kenya yameichukua kauli hii mbali na maji. Mashindano yang'oa nanga, kampeni zang'oa nanga, muhula wa shule wang'oa nanga. Tanzania matumizi hayo ni machache kidogo. Huko ligi huanza kutimua vumbi. Wapo wanaolalamika kwamba ni kuichosha kauli. Mimi siungani nao. Lugha yetu imefanya hivi siku zote: kwenda mrama kulikuwa kuyumba kwa chombo mawimbini, leo ni biashara au ndoa iliyoharibika, nahodha anaongoza timu ya mpira, na rubani, aliyekuwa mwongoza vyombo vya baharini, leo anaendesha ndege.

Lakini sitiari nayo ina masharti. Kinachong'oa nanga ni jambo lenye safari mbele yake: ligi ya miezi kadhaa, kampeni ya wiki nyingi, ujenzi wa reli. Mkutano wa saa mbili haung'oi nanga, unafunguliwa. Jengo haling'oi nanga kamwe. Jengo ling'oapo nanga, watu wakimbie. Mwandishi ajiulize: je, jambo hili linakwenda mahali, na lilikuwa limeshikwa na kitu kabla ya leo? Jibu likiwa ndiyo, atumie kauli hii bila wasiwasi.

Roketi: kuwaka si kupaa

Sasa twende angani. Huko Kiswahili kimekwenda na mizigo yake ya baharini. Kifaa tunakiita chombo, jina lile lile la jahazi. Vitenzi, hata hivyo, tunavichanganya: roketi "imezinduliwa", "imefyatuliwa", "imelipuliwa", yote kwa tukio moja.

Historia inatupa mfano unaoonyesha uzito wa jambo hili. Tarehe 12 Desemba 1965, wanaanga Walter Schirra na Thomas Stafford walikuwa wamekaa ndani ya chombo cha Gemini 6 juu ya roketi ya Titan II. Injini ziliwaka. Plagi moja ya umeme chini ya roketi, iliyotakiwa kuchomoka pale roketi inapoacha ardhi, ilichomoka kabla ya wakati. Saa ya safari ndani ya chombo ikaanza kuhesabu kana kwamba wamekwisha kuondoka, na injini zikazimika baada ya sekunde moja na ushei. Kwa mujibu wa taratibu, kama roketi ilikuwa imeinuka kisha ikazimika, ingeanguka na kulipuka, na wanaanga walipaswa kujirusha nje papo hapo kwa viti vya dharura. Schirra hakuvuta pete ya kiti. Mwili wake haukuhisi mwendo wowote, naye akaamini kwamba roketi ingali imesimama mahali pake. Alikuwa sahihi. Siku tatu baadaye, tarehe 15 Desemba, roketi ile ile iliwapeleka salama, wakakutana angani na wenzao wa Gemini 7.

Saa ilisema chombo kimeondoka. Injini zilikuwa zimewaka. Lakini chombo hakikuwa kimepaa. Maisha ya watu wawili yalitegemea tofauti ya kuwaka na kupaa, na Kiswahili kinayo maneno yote mawili. Basi tusiandike "roketi imerushwa" kwa sababu tumeona moto kwenye picha.

Kitenzi kupaa kinafaa kwa sababu kinataja kuinuka kwenyewe, kama jua linavyopaa. Kurusha ni kitendo cha wanadamu: shirika linarusha, roketi inapaa. Kufyatua kuna mtego na bunduki ndani yake: kitu kilichobanwa kinaachiwa ghafla kuelekea shabaha. Tukiache kwa makombora ya vita, ili msomaji akiona "yafyatuliwa" ajue habari hiyo ni ya vita na wala si ya utafiti.

Ngomeni: bahari na anga zinapokutana

Mambo haya hayako mbali nasi. Ngomeni, kaskazini ya Malindi, Waitaliano wakiongozwa na Profesa Luigi Broglio walisimamisha majukwaa ya chuma katika Ghuba ya Ungwana, miguu yake ikikanyaga sakafu ya bahari. Jukwaa la San Marco lilikuwa la kurushia roketi, na la Santa Rita la kuongozea. Mahali palichaguliwa kwa kuwa karibu na ikweta, ambako mzunguko wa dunia unaisaidia zaidi roketi inayoelekea mashariki.

San Marco 2 ilirushwa hapo tarehe 26 Aprili 1967. Tarehe 12 Desemba 1970, Kenya ikiadhimisha uhuru wake, roketi ya Scout ilipaa ikiwa na satelaiti ya Marekani ya kuchunguza miali ya eksirei kutoka kwenye nyota. Satelaiti hiyo ilipewa jina la Kiswahili, Uhuru, nayo ikawa ya kwanza duniani iliyotengwa kwa elimu hiyo. Orodha yake ya mwisho ilikuwa na vyanzo 339 vya miali. Kazi ya kurusha satelaiti hapo ilikoma mwaka 1988.

Tangu hapo vyombo vya kanda yetu vimeondokea ugenini. PearlAfricaSat-1 ya Uganda ilipaa kutoka Virginia tarehe 7 Novemba 2022 na kuachiliwa kutoka kituo cha angani tarehe 2 Desemba. Taifa-1 ya Kenya ilipaa kutoka Vandenberg, California, tarehe 15 Aprili 2023, baada ya safari kuahirishwa kwa sababu ya hali ya hewa. Habari za namna hii zitaongezeka.

Mapendekezo

Ndugu washiriki, napendekeza yafuatayo:

1. Kushua kirudi kazini kwa meli, boti au jahazi linaloingizwa majini.
2. Kuzindua kibaki kwa hafla rasmi ya kuanza kutumika.
3. Kung'oa nanga kitumike kwa chombo kinachoanza safari majini, na kwa sitiari pale tu jambo lina safari mbele yake.
4. Kurusha kitumike kwa kitendo cha shirika, na kupaa kwa nukta ya roketi kuacha ardhi.
5. Kuachilia kitumike satelaiti inapotoka kwenye roketi au kituo cha angani.
6. Kufyatua kiachiwe makombora.
7. Chombo kinachojiunga na kituo cha angani kisemwe kimefunga gati. Kisisemwe kimetia nanga, kwa kuwa aliyetia nanga yuko mbali na gati.

Hitimisho

Msamiati huu hauhitaji kamati ya kuubuni. Upo Nungwi na Matondoni, upo katika kamusi, na mafundi wanaoutumia kila siku wangali hai. Nawaomba wahariri waubandike ukutani katika vyumba vya habari. Nawaomba walimu wawapeleke wanafunzi ufuoni wakaone chombo kikishuliwa, kabla vyombo vya mbao havijaisha. Na wewe mwandishi, kabla ya kuandika kwamba chombo kimeondoka, hakikisha kwanza kilichokuwa kikikishika kimeachia.