Tiba Kwanza, Fomu Baadaye: Nadharia, Maadili na Utendaji katika Kazi ya Ustawi wa Jamii Juba

Mada iliyowasilishwa katika semina ya maofisa ustawi wa jamii, Juba

1. Utangulizi

Nimeagizwa nigusie nadharia, maadili na utendaji wa kazi yetu. Nitafanya hivyo, ila mizani haitalingana. Nadharia na maadili wengi wenu mnayafahamu, na baadhi yenu mnayafundisha. Kwenye utendaji ndiko tunakokwama, na tunapokwama pana jina: Fomu namba 8, ile fomu ya polisi anayodaiwa manusura wa ubakaji kabla ya kutibiwa.

Niweke wazi kwamba simnyooshei kidole mtu wala idara yoyote iliyowakilishwa hapa. Polisi na wauguzi wanafanya kazi katika mazingira magumu, mara nyingi mishahara ikiwa imechelewa. Ninachojadili ni utaratibu.

2. Fasili na nadharia kwa ufupi

Fasili ya kimataifa iliyopitishwa Melbourne mwaka 2014 inaitambua kazi yetu kuwa taaluma inayochochea mabadiliko, mshikamano na uwezo wa watu kujikomboa, na inayathamini maarifa ya wenyeji. Misingi ya Felix Biestek ya mwaka 1957, hasa haki ya mhusika kujiamulia na kutunziwa siri, ndiyo tunayoanza nayo darasani. Mwaka 1981 James Midgley alionya kwamba taaluma hii ililetwa katika nchi zetu kwa sura ya ubeberu.

Onyo la Midgley tumelipokea vizuri, pengine kupita kiasi. Semina nyingi huishia kuvilaumu vitabu vya kigeni kwa kumtazama mtu mmoja na kuusahau ukoo. Ni kweli kwamba hapa Juba mama akija ofisini haji peke yake: yuko shangazi, yuko shemeji, na pengine mzee wa boma amekwisha kutoa uamuzi wake. Hata hivyo, iko nadharia nyingine yenye nguvu kuliko hizo zote, nayo haina mwandishi wala haimo katika mtaala. Imo ndani ya fomu. Kwa jinsi inavyotumika, mwanamke aliyeumizwa ni ushahidi kwanza, mgonjwa baadaye, na binadamu ikipatikana nafasi.

3. Fomu namba 8

Fomu hii sisi wa Sudan Kusini tuliirithi kutoka Sudan. Polisi anaandika tukio, daktari anajaza alichokiona mwilini, karatasi inarudi kituoni na hatimaye inafika mahakamani. Kama chombo cha ushahidi, haina ubaya. Ubaya ulianza ilipogeuzwa kuwa tiketi ya kuingilia hospitali. Hakuna sheria ya nchi hii inayomtaka manusura wa ubakaji aonyeshe fomu ndipo atibiwe. Serikali ya Sudan yenyewe, huko Khartoum, baada ya malalamiko mengi kuhusu ubakaji Darfur, ilitoa waraka mwaka 2005 ulioruhusu tiba kabla ya fomu. Sisi tuliopata uhuru wetu mwaka 2011 bado tunaibeba desturi ambayo waliotuachia walikwisha kuilegeza.

Nitoe mfano, bila kutaja kituo. Jumamosi jioni mama mmoja alimleta hospitalini binti yake aliyebakwa, kwa boda boda kutoka mtaa wa Gudele. Mapokezi wakamwuliza, "Fomu iko wapi?" Mama na binti wakaenda polisi. Ofisa wa zamu alikuwa na nakala moja iliyofifia, akamwambia mama akatoe fotokopi. Kibanda cha fotokopi kilikuwa kimefungwa. Waliporudi kituoni, binti aliulizwa yaliyompata mbele ya kaunta, watu wengine wakiwa wamesimama kusubiri mambo yao. Mama alikuwa ameshika noti mkononi, kwa kuwa jirani alimwambia fomu hulipiwa. Akaambiwa arudi Jumatatu.

Tufanye hesabu. Dawa za kuzuia maambukizi ya VVU zinatakiwa kuanzwa ndani ya saa 72, na kila saa inayopita inapunguza nguvu yake. Dawa ya dharura ya kuzuia mimba ina mwisho wa saa 120. Aliyebakwa Ijumaa usiku, akarudishwa Jumamosi, akaambiwa aje Jumatatu, anafika kwenye dirisha la dawa saa 72 zikiwa ukingoni. Wala hatujahesabu foleni, nauli, wala marufuku ya kutembea usiku pale inapotangazwa.

Mke aliyelazimishwa na mumewe yuko pabaya zaidi. Kifungu cha 247 cha Sheria ya Adhabu ya mwaka 2008 kinaweka kifungo cha hadi miaka 14 kwa ubakaji, lakini hakihesabu tendo la ndoa kati ya mume na mke kuwa ubakaji. Akienda kituoni anaambiwa hakuna kosa. Pasipo kosa hakuna fomu, na pasipo fomu hakuna dawa. Pengo la sheria ya jinai limekuwa ugonjwa.

Majirani wamepita njia hii. Tanzania wanaijua fomu ya polisi, PF3, na usumbufu wake; leo wana Vituo vya Mkono kwa Mkono, vya huduma za mahali pamoja, kikiwamo cha Hospitali ya Mnazi Mmoja, Zanzibar. Kenya wana fomu ya huduma baada ya ubakaji inayojazwa hospitalini, nayo P3 ya polisi inafuata njia yake. Nasi hatuko mikono mitupu: Hospitali ya Mafunzo ya Juba ina Kituo cha Ulinzi wa Familia, ambako tiba, ushauri na msaada wa kisheria hupatikana mahali pamoja. Mahakama maalumu ya ukatili wa kijinsia ilizinduliwa Juba Desemba 2020. Njia tunaijua. Tatizo ni kwamba inaishia kwenye malango ya vituo vichache.

4. Suala la maadili

Utaratibu wa sasa unalifanya ombi la dawa kuwa ombi la kesi. Asiyetaka polisi, kwa hofu ya kisasi au aibu, anakosa matibabu. Hapo haki ya kujiamulia imekufa, hata kama imebandikwa ukutani ofisini.

Nao wazee wakishauri shauri limalizwe kwa ng'ombe au kwa ndoa, baadhi yetu tunakaa kimya tukisema tunaheshimu utamaduni. Sheria ya Serikali za Mitaa ya mwaka 2009 haizipi mahakama za kimila mamlaka juu ya kosa la jinai, isipokuwa shauri lenye sura ya kimila lililopelekwa huko na mahakama ya kisheria. Karani anayedai fomu na mzee anayehesabu ng'ombe wanafanana kwa jambo moja: wote wanaamua bila kumwuliza mwenyewe.

5. Mapendekezo

(i) Wizara zinazohusika zitoe waraka mmoja wa pamoja: tiba kwanza, fomu baadaye.

(ii) Waraka huo ubandikwe mapokezi kwa Kiingereza na Kiarabu cha Juba, na usomwe kwa sauti kwa wasiojua kusoma.

(iii) Fomu itolewe bure, na jambo hilo liandikwe juu ya fomu yenyewe.

(iv) Nakala ziwepo hospitalini, ili manusura asitumwe kituoni wala kwenye fotokopi.

(v) Mahojiano yafanyike chumbani. Kaunta si chumba.

(vi) Ridhaa ya tiba na ridhaa ya kufungua kesi ziombwe kila moja peke yake.

(vii) Mke apewe tiba sawa na manusura mwingine yeyote, hata kabla kifungu cha 247 hakijarekebishwa.

(viii) Manusura akiwa mtoto, Sheria ya Mtoto ya mwaka 2008 ifuatwe na masilahi yake yatangulie.

(ix) Ofisa ustawi wa jamii awepo kwa zamu usiku na siku za mapumziko, kwa mshahara wa serikali usiokoma mradi wa mfadhili unapokoma.

(x) Vyuo vifundishe fomu hii sambamba na Biestek na Midgley.

(xi) Kwa msisitizo: tiba isisubiri fomu.

6. Hitimisho

Najua mapendekezo yamekuwa mengi na mengine yanajirudia. Yanajirudia kwa sababu yaliandikwa katika semina zilizopita, yakapigiwa makofi, yakabaki kwenye makabrasha. Safari hii naomba pungufu ya hapo: pendekezo la kwanza liwe azimio, liwekewe tarehe ya utekelezaji na cheo cha atakayewajibika, na lisainiwe kabla hatujatoka ukumbini. Hayo kumi mengine yanaweza kusubiri semina ijayo.