Miti Iliyo Nyuma ya Ukumbi



Nasikia wako wanachama watakao kuing'oa ile minektarini minne iliyo nyuma ya ukumbi, papandwe viazi. Miti hiyo ina umri wa miaka miwili tu. Nektarini ni namna ya pichi yenye ganda laini lisilo na malaika. Mche wake uliopandikizwa huanza kuzaa mwaka wa tatu au wa nne, tena hauchanui vema pasipo baridi, na baridi ya Limuru mwaijua.

Naungama kosa langu mwenyewe. Nyumbani nalikuwa na mti mmoja. Mwaka wake wa tatu nikaukata vitawi vyote vyembamba, upate kupendeza. Sikujua ya kuwa maua hutoka katika vitawi vilivyomea mwaka uliotangulia. Msimu ule watoto wangu walitazama majani matupu. Uliofuata tulichuma, hata ikatupasa kuyapunguza matunda yangali machanga, yaliyosalia yapate kunenepa.

Basi naomba muiache misimu miwili. Viazi na vipandwe kando ya lango. Jembe nitalishika mimi.