Wimbo Ukivuka Mpaka
(Hotuba ya mwalimu siku ya ukumbusho, Kisoko)



Nimeombwa niseme machache juu ya kwaya ya vijana. Ubishi uliopo mnaujua. Vijana wamechukua nyimbo za ngoma za nyumbani wakaziimba kwa gitaa, kwa mtindo wa redioni, na baadhi ya wazazi wamewatoa watoto mazoezini wakisema mila inachezewa. Wazazi hao siwabezi. Mtu aliyeacha nyumba na makaburi amebaki na wimbo, lazima auogopee.

Lakini sikieni habari za Jimmie Rodgers, Mmarekani wa Mississippi, aliyezaliwa mwaka 1897. Alikuwa mfanyakazi wa reli. Kifua kikuu kilipomdhoofisha, akashika gitaa. Kuna uimbaji uitwao yodeli: sauti inaruka ghafla kutoka kifuani kwenda juu, nyembamba, kisha inashuka tena. Wachungaji wa milima ya Uswisi huitana hivyo. Wambuti wa msitu wa Ituri nao huimba hivyo, wala hawakufundishwa na Mswisi! Rodgers aliitia yodeli ndani ya nyimbo za huzuni za Wamarekani weusi. Mwaka 1927 akarekodi "Blue Yodel", na santuri zake zikapendwa mno. Alifariki mwaka 1933, akiwa na miaka 35.

Santuri hizo zilifika hata Kenya, kwa Wakipsigis. Mwaka 1950 Hugh Tracey, mkusanyaji wa muziki wa Afrika, alirekodi huko Kapkatet wasichana wakiimba "Chemirocha". Ndiye Jimmie Rodgers huyo, jina lake limevishwa Kikipsigis. Wao walimwona kiumbe nusu mtu nusu swala, wakamkaribisha ngomani. Hawakumwiga yodeli yake. Walimwimbia kwa sauti zao na kwa kinubi chao, jamaa ya nyatiti na litungu, na asiyeambiwa hawezi kujua kwamba mgeni yumo humo.

Basi kubadilika kwa wimbo hakunitishi. Linalonisumbua ni jingine. Sauti za wasichana wale zilizunguka dunia, lakini nakala zilirudishwa Kapkatet baada ya zaidi ya miaka 60. Kiongozi wao, Chemutoi Ketienya, tunamjua kwa sababu jina lake liliandikwa. Wenzake waliandikwa "wasichana wa Kikipsigis" tu.

Kwa hiyo naomba, wazazi, warudisheni watoto mazoezini, nanyi mje muwasahihishe maneno, maana wanayakosea sana. Vijana, kabla ya kuutia wimbo gitaa, mwimbieni kwanza mzee aliyewapa. Na ndugu zetu wa mashirika, mnaporekodi tukicheza, tuachieni nakala moja ofisini kwa Kamati, yenye majina ya waimbaji wote. Nimeanza daftari la nyimbo na waliotufundisha. Lipo darasani kwangu, na jioni baada ya masomo nakuwepo.