Alama za Watoto Wetu Chuoni

(Hotuba iliyosomwa mbele ya wanachama, Malindi)



Wengine mtauliza, chama cha wafanyakazi chahusikaje na mitihani ya chuo kikuu? Twahusika sana. Karo ile yatoka katika mshahara wa chumvi kule Gongoni, wa mkonge Vipingo, wa hoteli za Watamu. Mtoto akikosa karatasi yake, aliyepata hasara ni mfanyakazi.

Mwenzetu mmoja alituletea habari yake. Chuo hatukitaji. Binti yake alimaliza miaka 4, akatafuta jina lake katika orodha ya wahitimu, halimo. Akaambiwa alama za somo moja la mwaka wa 2 hazionekani, na mwalimu wa somo amekwisha kuhama. "Njoo wiki ijayo." Akaenda wiki ijayo, na nyingine, na nyingine, nauli ikaliwa hata mwaka ukapita. Tulipouliza barua ziko wapi, hakuna hata moja. Yote yalisemwa kwa mdomo, mlangoni. Hapo tulitikisa kichwa.

Wazee walituhadithia habari za kipande. Tangu miaka ya 1920 mpaka 1947 mwanamume wa Kiafrika wa miaka 16 na zaidi alitakiwa kuwa nacho, na mwajiri ndiye aliyeandika humo siku ya kuacha kazi. Asipoandika, mtu hakuweza kuajiriwa pengine. Alama zisizoandikwa zamfunga kijana vivyo hivyo.

Lakini leo sheria ipo. Katiba ya 2010, kifungu cha 35, yampa raia haki ya kupata habari zilizo mikononi mwa serikali, na yampa kila mtu haki ya kusahihishiwa habari isiyo ya kweli inayomdhuru. Kifungu cha 47 chasema aliyeumizwa na uamuzi wa ofisi apewe sababu kwa maandishi. Tena Sheria ya Kupata Habari ya 2016 yaitaka ofisi ya umma, na chuo cha serikali ni ofisi ya umma, ijibu ombi ndani ya siku 21. Isipojibu, au ikikataa, mtu ana siku 30 kupeleka malalamiko kwa Tume ya Haki ya Utawala. Kupeleka ombi hakulipiwi hata senti.

Juu ya mahakama tuseme kweli, maana wako wanaodhani jaji atasahihisha mtihani. Hatasahihisha! Wanafunzi 5 waliposhindana na chuo cha Egerton, katika hukumu ya 1990 mahakama ilisema haina haja ya kuendesha vyuo vikuu, ila itaingia kati pale ambapo uamuzi umetolewa bila mtu kusikilizwa kwa haki. Majaji wangali wakilirudia neno hilo. Basi ukienda Mahakama Kuu, nayo ipo hapa hapa Malindi, omba chuo kiamriwe kutafuta, kujibu, kutoa sababu. Usiombe alama. Na sheria ya 2015 juu ya haki katika maamuzi ya utawala yataka kwanza umalize njia za rufani za chuo chenyewe. Lakini usilale huko: anayetaka uamuzi ufutwe asingoje miezi 6 ipite.

Kwa hiyo mwambieni kijana aweke kadi ya mtihani na risiti za karo, asizitupe baada ya likizo. Barua iwe na nakala, na nakala igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Karani akikataa kugonga, ipelekwe kwa posta ya rejista. Siku 21 zahesabiwa tangu ombi lipokelewe, na pasipo muhuri utabishana na nani?

Binti wa mwenzetu ameandika. Kadi ya mtihani ilipatikana ndani ya sanduku la mama yake, imetafunwa pembeni na mende, lakini sahihi ya msimamizi yasomeka. Muhuri umegongwa. Leo ni siku ya 9.

Katibu anao mfano wa barua ile. Anayeutaka amwone ofisini Alhamisi, baada ya kazi.