Mpaka wa Shamba Lako Bweri

Leo tuzungumze juu ya mipaka ya mashamba yetu hapa Bweri.

Kule Marekani, sheria ya mwaka 1785 iliagiza nchi ipimwe miraba ya maili sita kila upande, vipande 36, halafu iuzwe. Wenyeji wa nchi ile hawakuulizwa. Sisi wa kando ya Ziwa Victoria mipaka tuliijua kwa minyaa, kwa majabali haya makubwa, na kwa vinywa vya wazee. Mwaka 1974 Operesheni Vijiji ikawahamisha watu wengi wa Mara, na minyaa mingi ikabaki nyuma bila mwenyewe.

Siku hizi mji umetufuata. Bweri ni kata ya Manispaa ya Musoma, na stendi ya mabasi iko huku huku. Basi sikiliza vizuri, mama, nawe mzee wangu. Hati ya kimila hutolewa na halmashauri ya kijiji, kwa Sheria Na. 5 ya mwaka 1999. Mjini hakuna kijiji, kuna mitaa. Huku inatumika Sheria Na. 4 ya mwaka huo huo. Mtu akikuuzia shamba la Bweri kwa karatasi ya kijiji, mwulize: kijiji gani?

Kwa hiyo waite majirani wa pande zote. Pandeni minyaa palipokatika, andikeni makubaliano mbele ya mwenyekiti wa mtaa. Kisha nenda ofisi ya ardhi ya manispaa ukaulize shamba lako limepangiwa nini. Nenda kabla hujakuta bikoni za mwingine katikati ya mihogo yako.