Muda wa Kusikiliza: Kazi ya Judy Kibinge na Somo Lake kwa Watengenezaji Filamu wa Eldoret

Utangulizi



Hapa Eldoret hakuna asiyeijua Kiambaa. Tarehe 1 Januari 2008, kanisa la huko lililowahifadhi wanawake na watoto waliokimbia ghasia za baada ya uchaguzi lilichomwa moto. Tume ya Waki, iliyochunguza ghasia hizo, ilihesabu vifo 1,133 kote nchini Kenya, vingi vikiwa vya Bonde la Ufa. Picha za majivu zilienea duniani, kisha wanahabari wakaenda zao. Hoja yangu ni hii: filamu ya hali halisi huanzia pale taarifa ya saa moja inapoishia, nayo haifanyiki bila muda.

Njia ya Kibinge

Mfano mzuri ni Judy Kibinge, mtengenezaji filamu wa Kenya aliyetokea kwenye matangazo ya biashara. Mwaka 2013 ilitoka Something Necessary, filamu yake ya kubuni kuhusu maisha baada ya ghasia zile. Anne, muuguzi, anarudi kulijenga upya shamba lililoharibiwa. Joseph, kijana aliyekuwa miongoni mwa wavamizi, anaandamwa na aliyoyatenda. Kibinge aliwasikiliza wote wawili. Kwetu sisi, ambao aliyeumizwa na aliyeumiza huenda wakapanga foleni moja sokoni, huo ni ujasiri mkubwa.

Mwaka 2015 akaleta Scarred, kuhusu mauaji ya Wagalla, Wajir. Februari 1984 wanajeshi waliwakusanya wanaume wa ukoo wa Degodia kwenye kiwanja cha ndege, wakawashikilia juani kwa siku kadhaa. Serikali ilitaja vifo 57. Tume ya Ukweli, Haki na Maridhiano ilikadiria karibu 1,000. Katika pengo hilo ndimo filamu inamofanyia kazi: manusura anaketi, anaeleza, na uso wake unabaki kuwa ushahidi.

Kibinge pia aliasisi Docubox, mfuko unaowasaidia watengenezaji wa filamu za hali halisi Afrika Mashariki. Softie ya Sam Soko (2020), iliyomfuata mwanaharakati Boniface Mwangi kwa miaka, ni miongoni mwa kazi zilizonufaika. Alitambua kuwa subira nayo ina gharama, na lazima mtu ailipie.

Mapendekezo

1. Idhini ya msimulizi iombwe upya katika kila hatua. Aliyekubali leo ana haki ya kukataa kesho.

2. Msimulizi aione filamu kabla ya jirani yake, na apewe nafasi ya kusema lipi linamhatarisha.

3. Bajeti iwe na fungu la ushauri nasaha kwa msimulizi na kwa wapigapicha.

4. Vyuo vyetu vihifadhi mahojiano kamili, kwa kuwa wazee walioshuhudia matukio kama haya wanazidi kupungua.

Hitimisho

Naomba tuafikiane jambo moja: kila mmoja wetu achague familia moja ya kaunti yetu ya Uasin Gishu iliyo tayari kuzungumza, aizoee kwanza bila kamera, na arekodi pale tu itakapomruhusu. Wageni walishatusimulia kwa haraka. Sisi tunaoishi hapa hatuna sababu ya kuharakisha.