Habari ya Madeni: Hotuba ya Mwenyekiti



Tumeombwa tuseme habari ya madeni, maana katika miaka kumi hii hakuna jambo lililotugombanisha kama hilo. Tuanze na mshahara. Wengi wetu tuna mume au mtoto aliyeajiriwa, na akikatwa yeye, sisi ndio tunaoulizwa mboga iko wapi.

Mwenzetu mmoja ana kijana mwalimu. Alipoanza kazi, hela ikawa inafika nyumbani pungufu. Mama akanuna, akadhani kuna mwanamke anayeila. Kijana akaleta karatasi ya mshahara: Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu inachukua asilimia 15 ya mshahara wa msingi. Zamani ilikuwa 8, sheria ikabadilishwa mwaka 2016. Mwajiri anakata na kupeleka Bodi, hapaendwi mahakamani.

Deni la mtu binafsi siyo hivyo. Anayekudai hawezi kwenda kwa mhasibu wako akasema, "Nikatie." Sheria ya kazi ya mwaka 2004 inataka mfanyakazi awe amekubali kwa maandishi, au iwepo sheria nyingine au amri ya mahakama. Basi someni kabla ya kutia saini, jamani! Fomu nyingi za mkopo zina mstari wa kukubali kukatwa, na umeandikwa kwa herufi ndogo kama sisimizi. Mtumishi wa serikali naye, makato ya mikopo hayatakiwi kumwacha na chini ya theluthi moja ya mshahara wake wa msingi.

Sasa sisi wa genge na mama lishe, atakatwa nani? Hatuna mshahara, kwa hiyo vinabebwa vitu. Na hapa tuseme ukweli wetu. Mwaka wetu wa tatu tulikwenda wenyewe hadi uani kwa mwenzetu, tukabeba sufuria zake nne na jiko, kwa kuwa alikosa marejesho wiki tano. Mchana kweupe, watoto wanatufuata nyuma. Na wali wa kuuza alikuwa anaupikia humo humo.

Ni yule kijana mwalimu aliyetueleza baadaye kwamba Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai haimruhusu hata dalali wa mahakama kukamata nguo, kitanda wala vyombo vya kupikia vya mdaiwa. Sisi bila hukumu wala karatasi tulifanya lile ambalo hakimu asingelifanya.

Tulizirudisha usiku, kwa aibu. Tangu hapo anayekwama anapanga marejesho upya mbele ya kikao, na wadhamini wake wawili wanamsaidia. Wapo wanaosema tumelegea. Mwenzetu alimaliza deni lake kwa miezi saba, kidogo kidogo. Yumo humu ukumbini, na pilau mtakayokula leo amepika yeye.